Jinsi ya Kuacha Baraza la Kila Asubuhi



Somo la mwezi huu si la mbolea wala la mbegu. Ni la ule muda wa asubuhi ambapo wafanya kazi husimama mbele ya nyumba yako wakingoja uwaambie la kufanya. Wakulima wengi wa mashamba ya skimu huliongoza baraza hilo wenyewe siku zote, mvua ikinyesha au jua likiwaka. Wengi hudhani kwamba siku wasipokuwapo, shamba litasimama. Mara nyingi ni kweli, husimama. Shabaha ya somo hili ni kukuonyesha jinsi ya kulifanya shamba lisisimame.

Tuseme jana ng'ombe wako mmoja alikuwa na ugonjwa wa kiwele. Ukamwita daktari wa mifugo, naye akamdunga sindano, akakuambia kwamba maziwa yake yasiuzwe kwa siku 3. Usiku ukapata habari ya msiba kwa shemeji yako, nawe alfajiri ukapanda gari. Mkamuaji akafika zizini kama kawaida yake. Akakamua ng'ombe wote, akamimina maziwa yote katika mkebe mmoja, akaupeleka chamani. Maziwa ya ng'ombe mmoja yameharibu mkebe mzima. Yakigunduliwa, mkebe utakataliwa. Yasipogunduliwa, watoto wa watu watakunywa dawa ya ng'ombe.

Je, mkamuaji amekosa? La, hakujua. Neno la daktari lilikuwa kichwani mwako, na kichwa chako kilikuwa safarini. Hapo ndipo somo letu linapoanza.

Desturi hii ilitoka wapi?

Baraza la asubuhi ni desturi ya zamani. Katika mashamba makubwa ya walowezi, chuma kilichotundikwa mtini kiligongwa alfajiri. Wafanya kazi walikusanyika, nyapara akaita majina, kila mtu akapewa kazi yake. Mwaka 1962 ulianza mpango wa kugawanya mashamba hayo, ule ulioitwa mpango wa ekari milioni moja, na jamaa kama 35,000 wakapata mashamba yao wenyewe. Wengi wao walikuwa wamekisikia chuma kile kwa miaka mingi. Si ajabu kwamba walikwenda na desturi ile katika mashamba mapya, wakawarithisha watoto wao.

Lakini angalia tofauti. Katika shamba kubwa palikuwa na nyapara, palikuwa na karani, na palikuwa na vitabu. Katika shamba la skimu, mara nyingi mkulima mwenyewe ndiye nyapara, ndiye karani, na kichwa chake ndicho kitabu. Akiugua, vyote vitatu vimeugua pamoja naye.

Baraza lina gharama gani?

Tufanye hesabu. Tuseme una ekari 15 huko Kinangop. Una ng'ombe 5 wa kukamuliwa na sehemu ya viazi. Una wafanya kazi 4: mkamuaji, mkata majani ya ng'ombe, na wawili wa viazi na mboga. Kila asubuhi mnasimama pamoja saa 1 nzima, maana kila jambo ni lazima liulizwe na lijibiwe upya.

Watu 4 na wewe ni 5. Watu 5 kwa saa 1 ni saa 5 za kazi. Kwa siku 6 za wiki ni saa 30. Kama siku moja ya kazi ni saa 8, saa hizo 30 ni karibu siku 4 za mtu mmoja. Yaani kila wiki umelipa karibu siku 4 za kusimama.

Hiyo ni gharama inayoonekana. Iko na nyingine isiyoonekana. Huwezi kwenda kuona mbegu bora kwa mkulima wa skimu jirani. Huwezi kukaa na mtoto wako hospitali kwa siku 3. Huwezi kulala hata asubuhi moja ukiwa na homa. Tena wafanya kazi wako wamejifunza jambo moja baya, nalo ni kungoja. Mtu anayeambiwa kila kitu kila siku huacha kufikiri, si kwa sababu ni mjinga, bali kwa sababu hajaombwa kufikiri.

Wengine watasema, "Mimi siku hizi siongozi baraza, nina simu." Hebu hesabu ni mara ngapi simu hiyo inalia kabla ya saa 4 asubuhi. Kama inalia mara 10, basi baraza halijaisha. Limehamia mfukoni mwako tu.

Usianze kwa kuondoka

Mkulima anayesoma haya asije akaamka kesho akawaambia wafanya kazi, "Kuanzia leo jiongozeni." Huko ni kulitupa shamba. Baraza lipo kwa sababu maarifa ya shamba yamo katika kichwa kimoja. Yatoe kwanza maarifa hayo, uyaweke mahali ambapo wengine watayaona. Yakiisha kutoka, baraza litakosa kazi, nalo litapungua lenyewe.

Fuata hatua hizi moja baada ya nyingine. Usiruke hata moja.

Hatua ya kwanza: Andika maswali ya wiki moja

Nunua daftari ndogo. Kwa siku 6, kila mtu akikuuliza neno lolote, barazani au kwa simu, liandike. Usibadili kitu kingine. Mwisho wa wiki soma maswali yote, kisha uyagawe katika mafungu matatu.

Fungu la kwanza ni maswali ambayo jibu lake ni lile lile kila siku. Ng'ombe huyu apewe unga kiasi gani? Nani apeleke maziwa leo? Kupe wanyunyiziwe dawa siku gani?

Fungu la pili ni maswali yanayotaka macho na akili ya mtu aliye pale, lakini si lazima yawe macho yako. Mvua imenyesha, je, tunyunyizie viazi dawa au tungoje? Ng'ombe hakula asubuhi, tufanye nini? Mpini wa jembe umevunjika, tununue mwingine?

Fungu la tatu ni mambo ya mwenye shamba. Kuuza ng'ombe, kukopa, kuandika mtu kazi au kumwachisha, kubadili zao, kukodisha ardhi.

Wakulima wengi wakifanya kazi hii wataona kwamba fungu la tatu ni dogo kabisa. Mambo hayo si ya kila asubuhi. Mengine si ya kila mwezi.

Hatua ya pili: Fungu la kwanza liende ubaoni

Tafuta ubao, uupake rangi nyeusi, uutundike penye mwanga karibu na mahali pa kukamulia, mvua isipofika. Andika jina la kila ng'ombe. Mbele ya jina andika unga anaopewa, tarehe aliyopandishwa, tarehe ya kumkausha, tarehe anayotazamiwa kuzaa, na kama ametiwa dawa, maziwa yake yasiuzwe mpaka lini.

Mfano: ng'ombe hubeba mimba siku 283 hivi. Aliyepandishwa tarehe 1 Machi atazaa karibu na tarehe 9 Desemba. Yafaa apumzike siku 60 kabla ya kuzaa, basi akaushwe karibu na tarehe 10 Oktoba. Ukiandika tarehe hizo tatu siku anapopandishwa, hakuna atakayekuuliza tena kwa miezi tisa.

Kwa ng'ombe aliyetiwa dawa, ubao peke yake hautoshi. Mfunge kitambaa chekundu mguuni. Sheria iwe moja: mguu wenye kitambaa chekundu, maziwa yake hayaingii katika mkebe wa chama. Akamuliwe mwisho, na katika chombo chake mwenyewe. Kitambaa kisifunguliwe mpaka zipite siku zote alizosema daktari, au zilizoandikwa juu ya chupa ya dawa. Hata mfanya kazi asiyejua kusoma atamwona ng'ombe huyo. Hata aliyeandikwa kazi jana atamwona. Nawe ukiwa msibani, kitambaa kinasema badala yako.

Kazi za kila wiki ziwe na siku yake isiyobadilika. Kama kunyunyizia kupe ni Jumanne, iwe Jumanne siku zote, ukiwapo usiwepo.

Hatua ya tatu: Fungu la pili lipate msimamizi

Chagua mtu mmoja awe msimamizi. Huenda akawa mke wako, mwanao aliyekua, au mfanya kazi wa siku nyingi. Usimchague kwa sababu ya umri peke yake, wala kwa sababu ni mtu wa mbari yako. Mchague anayesema kweli jambo likiharibika. Mtu anayeficha ndama mgonjwa ili asikaripiwe hafai, hata akiwa hodari kuliko wote.

Ukiisha kumchagua, mtangaze mbele ya wote. Siku ile sema, "Kuanzia sasa, kazi za kila siku ulizeni huyu." Mtu akija kwako baadaye na swali la fungu la pili, mrudishe kwa msimamizi kwa upole. Ukimjibu wewe, umemvua msimamizi cheo chake mbele ya watu, na kesho hakuna atakayemsikiliza.

Kama msimamizi ni mtu wa kulipwa, mwongeze mshahara. Kazi ya kufikiri nayo ni kazi.

Hatua ya nne: Mpe mamlaka yenye mpaka

Msimamizi asiye na ruhusa ya kutumia hata shilling moja si msimamizi, ni tarishi. Mwekee kiasi, tuseme Sh. 2,000 kwa wiki, za mambo madogo kama mpini, kamba au dawa ya kiwele. Aandike kila alichonunua na aweke risiti. Zaidi ya hapo akuulize. Tangu M-Pesa ilipoanza mwaka 2007, mkulima aliye mbali anaweza kupeleka fedha kwa dakika chache, basi kiasi hicho si lazima kiwe kikubwa.

Lakini yako mambo ambayo hayangoji ruhusa. Yaandike chini ya ubao pamoja na nambari ya simu ya daktari wa mifugo na ya mpandishaji. Msimamizi awaite kwanza, akuambie baadaye. Mambo hayo ni haya:

1. Ng'ombe mwenye homa ambaye tezi zilizo chini ya masikio zimevimba. Huenda ni ndigana, ugonjwa unaoletwa na kupe. Dawa yake hufaa zaidi ikitolewa mapema. Akingojewa mwenye shamba arudi Jumamosi, huenda ukarudi ukakuta ngozi.

2. Ng'ombe anayezaa ambaye amesukuma kwa saa 1 na ndama hasogei.

3. Ng'ombe aliyevimba tumbo upande wa kushoto na anapumua kwa shida.

4. Ng'ombe anayetaka dume. Huyu si mgonjwa, lakini naye hangoji. Anayeonekana asubuhi hupandishwa alasiri ile ile. Anayeonekana jioni hupandishwa kesho yake asubuhi. Nafasi hiyo ikipita, utangoja siku 21 hivi, na siku zote hizo anakula.

Kabla ya kutoa mamlaka haya, kubaliana na daktari na mpandishaji juu ya malipo. Waambie jina la msimamizi wako, ili wakiitwa naye waje bila kusita.

Hatua ya tano: Hesabu za jioni

Hapa mkulima hodari atauliza, "Nikiondoka, nitajuaje kama siibiwi? Wahenga wamesema, asiyekuwapo na lake halipo." Ni kweli wamesema hivyo. Lakini ni wahenga hao hao waliosema, mali bila daftari hupotea bila habari. Mtu anayesimama zizini kila siku bila kuandika huibiwa akiwa amesimama hapo hapo. Mtu mwenye daftari yupo shambani hata akiwa Mombasa.

Kila jioni msimamizi aandike mambo matano: maziwa yaliyokamuliwa, mahali maziwa yalikokwenda, ng'ombe mgonjwa kama yuko, fedha zilizotumiwa, na kazi iliyomalizika. Hii ni kazi ya dakika 5. Kama hupo, akutumie kwa simu kwa maandishi.

Maziwa yana hesabu yake, na hesabu hiyo haina budi kukubaliana. Tuseme ng'ombe 5 walitoa lita 24 asubuhi na lita 16 jioni. Jumla ni lita 40. Ndama walikunywa lita 8, nyumbani zilibaki lita 2. Basi chamani zilikwenda lita 30. Tazama risiti ya chama. Kama chama chako hupima kwa kilo, kumbuka kwamba lita moja ya maziwa ina uzito wa kilo 1 na kidogo juu yake, kama kilo 1.03. Lita 30 zitaonyesha karibu kilo 31. Risiti ikionyesha kilo 27, kuna jambo.

Usianze kwa kumwita mtu mwizi. Uliza kwanza. Pengine maziwa yalimwagika njiani. Pengine ndama mmoja aliongezewa. Pengine chombo cha kupimia cha nyumbani si sawa. Lakini uliza siku ile ile, wala usingoje mwisho wa mwezi. Wafanya kazi wakijua kwamba hesabu husomwa kila siku, watu waaminifu watafurahi, kwa maana hawatashukiwa bure. Wasio waaminifu watajua kwamba macho yako.

Hatua ya sita: Baraza moja kwa wiki

Baraza la kila asubuhi likiisha, libaki moja la wiki. Chagua siku na saa isiyobadilika, tuseme Ijumaa saa 9 alasiri, kabla ya kukamua. Liwe la saa 1, na liwe na mambo manne tu:

1. Hesabu za wiki iliyopita.
2. Lililoharibika na sababu yake.
3. Kazi za wiki ijayo.
4. Maneno ya wafanya kazi.

Msimamizi ndiye aongoze. Wewe kaa usikilize, useme mwisho. Mwenye shamba akisema kwanza, wote watakubaliana naye, na hatajua walichokuwa nacho moyoni.

Jambo la nne lisiachwe kamwe, hata kama wiki hiyo halina maneno. Mkata majani ndiye anayejua kwamba ua limeoza upande wa mtoni. Mkamuaji ndiye anayejua ng'ombe yupi amepungua maziwa bila sababu. Katika baraza la asubuhi walikuwa wakingoja amri, hawakuombwa habari.

Kila asubuhi msimamizi atakutana na wenzake dakika 10 mbele ya ubao, bila wewe, kisha kila mtu aende kazini. Hebu tufanye hesabu tena. Watu 4 kwa dakika 10 ni dakika 40. Kwa siku 6 ni saa 4. Ongeza baraza la Ijumaa, watu 5 kwa saa 1, ni saa 5. Jumla ni saa 9 kwa wiki. Zamani zilikuwa 30. Umeokoa saa 21.

Ondoka kidogo kidogo

Ndama haachishwi maziwa kwa siku moja, na shamba vile vile. Wiki ya kwanza, andika maswali. Wiki ya pili, weka ubao, na kila ukiulizwa swali la fungu la kwanza, jibu, "Ubao unasemaje?" Wiki ya tatu, msimamizi aongoze baraza nawe usimame kando bila kusema neno. Hii ndiyo wiki ngumu kuliko zote. Utaona jambo likifanywa kwa njia isiyo yako, na ulimi utawasha. Kama ng'ombe hataumia na mali haitapotea, nyamaza, ulilete Ijumaa. Wiki ya nne, kaa nyumbani asubuhi mbili.

Mwezi wa pili, fanya safari ya siku 2. Mwambie msimamizi akupigie simu kwa mambo ya fungu la tatu tu, na kukujulisha kama daktari ameitwa. Ukirudi, usiulize, "Nani amekosa?" Uliza, "Ni swali gani mlilokosa jibu lake?" Swali hilo liandikwe ubaoni. Kila safari itakuonyesha kitu kimoja au viwili ambavyo bado vimo kichwani mwako peke yako.

Makosa yatatokea. Siku moja kizibo cha mkebe kitaachwa wazi, au unga utakwisha kabla ya kununuliwa mwingine. Hapo wakulima wengi hukasirika, wakarudi barazani kesho yake, na kazi yote ikabomoka. Kabla hujarudi jiulize mambo matatu. Je, jambo hilo liliandikwa? Je, mtu huyu alifundishwa? Je, alipewa fedha au chombo cha kulifanya? Kama jibu moja ni la, kosa ni lako, lirekebishe. Kama yote ni ndiyo, hapo sema na mtu huyo, na useme naye faraghani.

Kuacha baraza si kuacha shamba

Asije mtu akasema tulimfundisha kukaa kivulini. Tembelea shamba lako. Pita zizini saa isiyotazamiwa. Shika kiwele kwa mkono wako, tazama mizizi ya viazi, hesabu mifuko ya unga ghalani. Tofauti ni kwamba sasa unakwenda kutazama, hukwenda kuagiza. Na zile saa ulizookoa zina kazi yake: kwenda kwa Bwana Shamba wa wadi yako, kuuliza bei kwa wanunuzi zaidi ya mmoja, kupanga malipo ya mkopo, kufikiri juu ya mwaka ujao. Kazi hizo hakuna mfanya kazi awezaye kukufanyia.

Somo hili lawafaa pia viongozi wa vyama vya ushirika. Mwenyekiti anayesimama kila alfajiri penye mizani ya maziwa, akimwambia karani mkebe upi upokewe na upi urudishwe, anamnyima karani kazi yake na anakinyima chama mwenyekiti. Kamati iweke sheria ya kupokea maziwa, iiandike ukutani ambapo kila mwanachama ataiona, imwache karani aifuate kwa mkubwa na mdogo sawasawa. Kisha kamati isome hesabu zake.

Neno kwa mume na mke

Tumalizie na jambo ambalo watu hawapendi kulitaja. Safari moja haina tarehe wala haina kurudi. Yako mashamba mazuri ya skimu yaliyoharibika mwaka ule ule mwenyewe alipofariki. Ardhi haikuchoka, na jamaa hawakuwa wavivu. Hakuna aliyejua ng'ombe yupi ana mimba, ni nani anayedaiwa fedha za viazi, mkopo umebaki kiasi gani, wala hati ya shamba imewekwa wapi. Mjane alisimama mbele ya wafanya kazi asubuhi, naye hakuwa na la kuwaambia.

Kwa hivyo mke akae katika baraza la Ijumaa, na watoto waliokua wakae pia. Mara nyingi mama ndiye anayelijua zizi kuliko mume, ila vitabu hajaonyeshwa. Muonyeshe. Weka katika kasha moja hati ya shamba, karatasi za mkopo, nambari yako ya uanachama wa chama, kitabu cha benki na daftari za maziwa, na watu wawili wajue kasha lilipo. Mkulima anayefanya hivyo hajiombei kifo. Anawaachia watoto wake shamba lililo hai.

Maswali ya kujipima

1. Ukiamka na homa kesho, nani atajua ni ng'ombe yupi maziwa yake yasiuzwe?
2. Ni nani shambani mwako aliye na ruhusa ya kumwita daktari wa mifugo bila kukuuliza?
3. Maziwa ya jana yalikuwa lita ngapi, na yalikwenda wapi? Jibu kwa kusoma daftari, si kwa kukumbuka.
4. Katika maswali uliyoulizwa wiki hii, ni mangapi ambayo jibu lake lilikuwa lile lile la wiki iliyopita?
5. Mkeo au mumeo ajua kasha la karatasi liko wapi?

Kazi ya mwezi huu

Nunua daftari leo. Andika maswali kwa siku 6. Siku ya saba yasome pamoja na jamaa yako baada ya chakula cha jioni, myagawe katika mafungu matatu. Kisha tafuta ubao na kitambaa chekundu. Vitu hivyo viwili havizidi bei ya lita chache za maziwa, navyo vitafanya kazi asubuhi ambayo wewe hutaweza kufika.